Mastaa, Ubalozi Siyo Promota Wenu!

Video ya dakika kumi na moja ilitosha kuwakesha watu mjini. Staa mmoja wa kike wa Bongo Fleva, jina kapuni, alikuwa laivu Insta saa nane usiku, kope moja imebanduka, wigi limekaa upande, machozi yanamtiririka. Alikuwa kwenye nchi moja ya Ghuba alikoenda kupiga shoo. Promota kazima simu, hoteli inadai bili ya siku sita, na pasipoti yake imezuiwa mapokezi.

Katikati ya kilio akaachia maneno yaliyosambaa kuliko hata wimbo wake wa mwisho: "Ubalozi wetu kazi yake nini? Nimepiga simu wee, hawapokei! Msihangaike nao, watawazingua tu!"

Basi mashabiki wakawaka. Timu yake ikavamia kurasa za serikali, matusi mwanzo mwisho. Siku tano baadaye mfanyabiashara mmoja akalipa deni, dada akatua Dar, akapokelewa na maua na kamera. Kwake filamu ikaishia hapo.

Ila yale maneno hayakuishia hapo. Chini ya ile video kuna binti aliandika yupo Uarabuni anafanya kazi za ndani, bosi wake kamnyang'anya pasipoti na ana miezi mitatu hajalipwa. Akamalizia hivi: "Kama staa wanamkaushia, sisi si ndo basi tena." Komenti ikapata likes kibao, hakuna hata mmoja aliyembishia.

Hapo ndipo dada yetu alipokosea, na kosa lenyewe siyo dogo.

Kwanza, simu zenyewe alipiga Ijumaa usiku, tena kwenye namba ya ofisi. Pili, kwa maneno yake mwenyewe, aliingia kwa visa ya utalii akapande jukwaani alipwe. Visa ya utalii ni ya kutembea, siyo ya kazi. Tatu, mkataba na promota ulikuwa ni voice note za WhatsApp. Hivi ubalozi ungeshika kipi hapo?

Ukweli usemwe, vijana wengi wanadhani ubalozi ni kama mjomba tajiri aliyepanga ughaibuni. Siyo. Ubalozi haulipi bili ya hoteli, haukutafutii kazi, haukutoi jela kwa kuwa wewe ni Mtanzania, na hauwezi kuiamuru mahakama ya watu. Ukiwa kwao, sheria ni zao.

Lakini kuna mambo ambayo hata mfanyabiashara mwenye pesa zake hayawezi. Pasipoti ikipotea au ikiibiwa, ubalozi ndio unaoweza kukupa hati ya dharura ya safari urudi nyumbani. Promota haitoi hiyo, wala mwenye hoteli. Pasipoti yenyewe siyo mali ya bosi wala siyo dhamana ya bili, ni mali ya serikali iliyoitoa. Ndiyo maana mtu akiing'ang'ania, ubalozi una pa kuanzia kuongea na mamlaka za nchi ile.

Na kwa ambaye yuko mikononi mwa polisi, kuna Mkataba wa Vienna wa mwaka 1963 unaohusu huduma za kikonseli. Ukikamatwa ugenini, wanatakiwa wakuambie bila kuchelewa kwamba una haki ya kutaka ubalozi wako ujulishwe. Maofisa wa ubalozi wana haki ya kuja kukuona, kuongea na wewe na kukusaidia upate mwakilishi wa kisheria. Ila kwa kanuni hiyo inabidi wewe mwenyewe useme unataka. Sasa mtu aliyeshaambiwa na staa wake kwamba "msihangaike nao", ataomba saa ngapi?

Kuna mwingine naye, mchekeshaji mmoja maarufu, aliyenyimwa visa ya kwenda Ulaya. Akaposti kwamba ubalozi wa Tanzania kule umeshindwa kumtetea. Kaka wa watu, visa ya kuingia kwao wanatoa wenyewe! Ubalozi wetu hauwezi kuwalazimisha wakufungulie mlango, kama ambavyo ubalozi wao hauwezi kuiamuru Uhamiaji yetu.

Visa ya Schengen ina masharti yanayojulikana. Kuna bima ya safari ya kuanzia yuro 30,000, maombi yanapelekwa angalau siku 15 kabla ya safari, na ada hairudi ukinyimwa. Ukinyimwa unapewa karatasi yenye sababu, na una haki ya kukata rufaa. Yeye karatasi yake aliificha. Baadaye ikavuja kwamba kishoka aliyemlipa alimpikia taarifa ya benki. Mamilioni yaliingia kwenye akaunti juzi, safari kesho kutwa, halafu lawama kwa balozi!

Sasa isije ikaonekana ofisi zetu ni malaika. Zipo simu zinazoita mpaka zinakata, zipo tovuti zenye namba ambazo hazipo hewani, na wapo wanaokujibu kama umewaomba hela ya kula. Mtu aliyekwama ugenini Ijumaa usiku anahitaji namba ya dharura inayopokelewa, na kuidai ni haki kabisa. Staa mwenye wafuasi milioni angeitumia sauti yake kudai hiyo, angewasaidia wengi. Kudai mlango ufunguliwe haraka ni jambo moja, kuwaambia watu wasibishe hodi ni jambo lingine.

Anayefunga begi wiki hii ajue ubalozi unaohudumia nchi anayokwenda upo wapi. Kwa upande wa Ghuba, Tanzania ina balozi Muscat, Abu Dhabi na Riyadh. Si kila nchi ina ubalozi wetu, nyingine zinahudumiwa kutokea nchi jirani. Aandike namba zao kwenye karatasi, maana simu nayo hunyang'anywa. Nakala ya pasipoti, visa na mkataba zibaki kwa mama nyumbani na nyingine kwenye barua pepe. Akifika ajiandikishe ubalozini, wajue yupo. Na asome visa yake imeandikwa nini, kabla ya kupanda ndege.

Huyu staa sasa hivi anatangaza ziara nyingine, poster zimejaa kila kona. Ile video ameshaifuta, ila vipande vyake bado vinazunguka TikTok. Dakika mbili tu za laivu zingetosha kusema, "Nilikosea, ukikwama wapigie." Hazina kiki, ni kweli. Ila yule binti wa kazi za ndani anaweza akawa bado anamfollow.

Wewe unaonaje, staa aombe radhi au ubalozi ndio ujitafakari? Dondosha komenti hapo chini, matusi hapana.