Hospitali ya Royal London: Jengo Zuri, Deni Refu

Hospitali ya Royal London ilianzishwa mwaka 1740 kwa ajili ya mafukara, na mwaka 1757 ikahamia Whitechapel, mashariki ya jiji. Mwaka 2012 ilifungua jengo jipya la ghorofa 17, lenye kiwanja cha helikopta juu ya paa kwa majeruhi mahututi. Kwa kawaida mgonjwa hatozwi pesa kitandani.

Lakini jengo lile serikali haikulilipia taslimu. Kampuni binafsi zilikopa, zikalijenga pamoja na kuikarabati hospitali ya St Bartholomew's, kwa zaidi ya pauni bilioni 1. Barts Health, taasisi ya umma inayoziendesha, inalipa kila mwaka mpaka miaka ya 2040: gharama za ujenzi, riba na matengenezo. Bajeti ikibana, malipo hayo hayaguswi. Kinachobanwa ni kwengineko. Wakati huo huo ghorofa mbili za juu zilikaa tupu kwa miaka, zikafunguliwa 2020 tu, korona ilipobisha hodi.

Mwaka 2018 serikali ya Uingereza ilitangaza kuwa haitaingia tena mikataba mipya ya aina hii. Ile ya zamani inaendelea kulipwa.

Zanzibar na Tanzania Bara, ambako ubia na sekta binafsi unasifiwa sana, wananchi wana haki ya kuuliza kabla utepe haujakatwa: nani atalipa, kwa miaka mingapi, na mkataba umewekwa wapi tuusome?