Mateso ya Nakasero si Burudani
Mwandishi anayetaka filamu ya Rise and Fall of Idi Amin ionyeshwe kwenye vibanda vya video hapa Kakese, eti vijana wajifunze historia, amekosea. Katika filamu hiyo ya Sharad Patel ya 1981, Amin, dikteta wa Uganda, anayeigizwa na Joseph Olita, anakula nyama ya mtu. Watazamaji hushtuka, basi. Lakini State Research Bureau, idara ya usalama ya Amin pale Nakasero, Kampala, ilikuwa ofisi ya serikali, yenye watumishi wa mshahara, na humo Waganda waliteswa hadi majeshi yetu ya Tanzania yalipoingia mjini humo Aprili 1979. Kijana aliyefundishwa kwamba mtesaji ni zimwi atamtambuaje akiwa karani? Tume ya Jaji Arthur Oder, iliyoundwa Uganda 1986 kuchunguza ukiukaji wa haki za binadamu, iliwasikiliza walionusurika. Tuwasomee vijana ushahidi huo.