Kalenda ya Mtoto na Deni la Mwezi



Likizo iliyopita kijana wetu wa darasa la sita aliniletea daftari lake. Alikuwa amebuni nchi isiyokuwepo duniani, akaichorea mlima mrefu kuliko Kibo, kisha akaitungia kalenda. Mwaka wa nchi hiyo una miezi kumi, na kila mwezi una siku 36. Siku tano zinazobaki ni za mapumziko, wala hazimo katika mwezi wowote. Nilimsifu, kwani hesabu yake ilitimia siku 365. Kisha nikamuuliza: "Na leo ni tarehe ngapi ya mwezi mwandamo?" Akacheka. "Baba, hata wewe sijakusikia ukiitaja, isipokuwa Ramadhani." Nikanyamaza, kwa kuwa alisema kweli.

Mtoto huyo, bila kujua, alikuwa amekaribia hesabu ya kale ya pwani yetu. Wazee wa Uswahilini walikuwa na mwaka wa jua wa siku 365, wakiugawa katika miongo 36 ya siku kumi kumi, na siku tano za ziada. Kwa mwaka huo walijua majira ya kupanda na majira ya kusafiri baharini. Sherehe ya Mwaka Kogwa kule Makunduchi, Unguja, ambayo hufanyika mwezi wa Julai, ni kumbukumbu yake. Lakini wazee hao hawakuuchanganya mwaka wa jua na ule wa ibada. Swala la mvua waliliuliza jua. Saumu, hija na sikukuu waliziuliza mwezi.

Nasi wa miteremko ya Kilimanjaro tunaishi vivyo hivyo. Mahindi yanangoja masika ya Machi, wala hayajali kama ni Rajabu au Shaabani. Ramadhani nayo hurudi nyuma siku kumi au kumi na moja kila mwaka, ikapita katika mawingu ya masika, katika baridi ya Julai na katika jua kali la Januari. Hilo si kasoro ya mwezi. Kila kalenda ina kazi yake, na kosa ni kuipa moja kazi ya nyingine.

Lugha yetu yenyewe inatukumbusha. Baada ya Ramadhani tunafungua, na kutoka hapo Waswahili wameihesabu miezi: Shawwal ni Mfunguo Mosi, Dhul-Hijja ni Mfunguo Tatu, Muharram ni Mfunguo Nne, na Maulidi huangukia Mfunguo Sita. Hesabu huishia Mfunguo Tisa, ndipo zije Rajabu, Shaabani na Ramadhani tena. Wangapi kati ya watoto wetu wa Moshi wanaweza kuyataja majina hayo kwa mpangilio?

Huenda msomaji akasema kwamba hayo ni mapambo ya lugha tu. La, ndugu yangu. Humo mna haki za watu na haki ya Mwenyezi Mungu.

Jirani yetu mmoja alifiwa na mumewe. Watoto wake, kwa nia njema, waliitwaa kalenda ya ukutani, wakahesabu miezi minne, wakaongeza siku kumi, wakaizungushia wino tarehe ya mwisho wa eda. Miezi minne ya kalenda ile huwa siku 120 hadi 123, ilhali minne ya mwezi mwandamo ni takriban siku 118. Mama asiye na mimba aliyekuwa atoke edani kwa hukumu ya Qur'ani, wanawe walitaka kumzuia siku kadhaa zaidi kwa hukumu ya karatasi iliyotoka dukani. Alhamdulillah, sheikh wa mtaani aliwahi kuwasahihisha.

Mfano wa pili ni wa zaka. Mfanyabiashara aliyezoea kutoa zaka kila Januari hudhani amejiwekea utaratibu mzuri. Lakini mwaka wa zaka ni wa mwezi, wenye siku 354 au 355. Katika miaka 32 ya jua, mwezi hutimiza miaka 33. Basi mtu huyu atakuwa ametoa zaka mara 32, na zaka ya mwaka mzima imebaki shingoni mwake. Hakuiba wala hakukusudia kuwadhulumu maskini. Alitazama kalenda isiyokuwa ya jambo lile.

Haikuwa ajabu, basi, kwamba kuwekwa kwa tarehe ya Hijra kunahusishwa na deni. Imepokewa kwamba Sayyidna Umar (r.a.) aliletewa hati ya deni iliyotaja Shaabani, akauliza: Shaabani ipi? Maswahaba wakashauriana, wakakubaliana miaka ihesabiwe tangu kuhama kwa Mtume (rehema na amani zimshukie) kwenda Madina, mwaka 622. Miezi yenyewe hawakuibuni. Qur'ani, katika Suratut-Tawba, inatufahamisha kwamba idadi yake ni kumi na miwili tangu kuumbwa mbingu na ardhi, na inawalaumu waliokuwa wakiiahirisha miezi mitukufu kwa kufuata matakwa yao.

Tufanye nini majumbani? Tuwe na daftari moja la familia. Mtoto mmoja apewe amana ya kuandika tarehe ya mwezi mwandamo kila jioni baada ya Maghribi, maana siku yetu huanza jua linapokuchwa. Humo iandikwe siku ya kutimia mwaka wa zaka, siku aliyoanza eda mama au dada, na zile siku nyeupe, tarehe 13, 14 na 15. Ikifika jioni ya tarehe 29, tutoke na watoto mahali pasipozibwa na migomba, tutazame magharibi, upande wa Mlima Meru. Mawingu yakituzuia, tutakuwa tumewafundisha subira. Na ikitokea nyumba ya ndugu imefuata tangazo jingine la mwandamo, mezani pasiwe mahali pa kutukanana. Maulamaa wamekhitilafiana katika hilo tangu zamani.

Kijana wetu ameendelea na nchi yake ya kubuni. Juzi ameongeza katika kalenda yake safu ya pili, akaandika juu yake: "Mwezi". Nilipomuuliza sababu, alinijibu: "Watu wa huko nao wana madeni."

Wallaahu a'alam. Tukutane wiki ijayo, insha'Allah.