Usimng'oe Mtoto Gego Kabla ya Kujua Sababu

Ndugu msomaji, ikiwa una mtoto wa umri wa miaka minne hadi minane, na unaishi huku kwetu kandokando ya Ziwa Victoria, mfungue kinywa leo jioni umtazame magego. Yakiwa imara, vyema. Lakini yakiwa yanatikisika kama meno ya mzee, na shavu limeanza kufura pasipo maumivu makali, usimpeleke kwa mng'oa meno wa sokoni. Mpeleke hospitali, tena upesi.

Nasema hivi kwa kuwa nimewahi kukosea mwenyewe. Miaka kadhaa iliyopita mama mmoja wa kisiwa cha Mfangano aliniletea mvulana wa miaka sita katika kliniki yangu hapa Kisumu. Shavu la kushoto lilikuwa limevimba, na magego mawili yalikuwa yameshang'olewa kijijini. Nikadhani ni usaha. Nikampa dawa za kuua viini za siku saba na kumwambia mama arudi zikiisha. Aliporudi, jicho la mtoto lilikuwa limesukumwa nje. Uvimbe huu ni miongoni mwa saratani zinazokua kwa kasi kuliko zote anazopata binadamu. Waweza kuwa maradufu kwa siku moja au mbili. Hebu piga hesabu ya siku saba nilizompotezea.

Ugonjwa wenyewe huitwa saratani ya Burkitt, na ni haki umfahamu mtu aliyeupa jina. Denis Burkitt alikuwa daktari wa upasuaji, Mwairishi, aliyezaliwa mwaka wa 1911 na kufanya kazi Uganda tangu 1946. Mnamo 1957, katika Hospitali ya Mulago, mwenzake Dkt. Hugh Trowell alimwita amtazame mtoto aliyevimba taya pande zote, juu na chini, kulia na kushoto. Burkitt hakujua ni nini. Muda mfupi baadaye, akiwa Jinja, alitupa macho dirishani akamwona mtoto mwingine ameketi nje na mama yake, uso ni ule ule. Alipompima akakuta na tumbo lake lina uvimbe.

Jambo hilo la tumbo ndilo lililomfumbua macho. Madaktari wengine walikuwa wameuona uvimbe wa taya kabla yake. Dkt. Albert Cook, aliyeanzisha hospitali ya Mengo mwaka wa 1897, aliacha michoro ya watoto wa namna hiyo. Lakini kila mmoja aliona kipande chake: huyu taya, yule figo, mwingine jicho. Burkitt ndiye aliyesema, katika makala yake ya 1958, kwamba huu ni ugonjwa mmoja. Kisha akauliza swali ambalo mpaka leo nalistahi kuliko yote aliyoyafanya: unaishia wapi?

Alituma karatasi zenye picha kwa hospitali nyingi za Afrika. Mwezi wa Oktoba 1961 akafunga safari na madaktari wenzake wawili, Ted Williams na Cliff Nelson, kwa gari kuukuu, wakaenda kusini na kurudi: wiki kumi, maili zipatazo 10,000, wakiingia hospitali baada ya hospitali kuuliza kama watoto wa aina hii wanaonekana. Wakagundua kwamba katika nchi zetu hizi za ikweta ugonjwa haupatikani sana ukipanda juu ya futi 5,000 hivi. Mtu aliyetoka Kisumu kwa matatu akapanda hadi Nandi Hills ataelewa mara moja. Huku chini mbu. Kule juu chai na baridi.

Burkitt mwanzoni alidhani ni kirusi kinachobebwa na mdudu. Alikosea nusu. Mwaka wa 1961 Anthony Epstein alimsikiliza akihutubu London, akaanza kupelekewa vipande vya uvimbe kwa ndege kutoka Kampala. Mwaka wa 1964 yeye pamoja na Yvonne Barr na Bert Achong wakatangaza kirusi kipya. Kirusi hicho huenea kwa mate, wala si kwa mbu, na karibu watu wazima wote duniani wanacho bila kudhurika. Kinachowaponza watoto wetu ni kukipata mapema huku malaria ikiwaandama mwaka mzima, ikiivuruga kinga ya mwili. Utafiti uliochapishwa mwaka wa 2012 ulilinganisha watoto wachanga wa Kisumu na wa Nandi, ukakuta wa Kisumu hukipata kirusi wakiwa wadogo zaidi. Kwa hiyo chandarua unachomfunikia mwanao hakizuii homa peke yake.

Wapo wanaoudhika kwamba ugonjwa wa watoto wa Kiafrika unaitwa kwa jina la Mzungu. Nami nikiwa mwanafunzi niliudhika. Siku hizi naudhika zaidi kwa jambo jingine. Mulago haikuwa na mashine ya kutibu kwa miale, kwa hiyo Burkitt akajaribu dawa, na baadhi ya watoto wakapona kwa sindano chache tu. Baadhi ya dawa hizo ndizo tunazotumia hata sasa. Katika nchi tajiri watoto wapatao tisa kati ya kumi hupona. Hapa kwetu wengi hufa kwa kuchelewa, ama kwa kuacha matibabu katikati.

Wanaacha kwa nini? Mama wa Mfangano apande boti hadi Mbita, feri hadi Luanda Kotieno, kisha matatu hadi Kisumu, na afanye hivyo tena na tena kwa miezi, huku watoto wengine wamebaki na nyanya yao. Serikali za kaunti zikitaka kumuenzi Burkitt, zisijenge sanamu. Ziwalipie akina mama nauli, na ziwafunze wahudumu wa afya wa vijijini kutazama magego. Gharama yake ni ndogo kuliko ya semina moja hotelini.

Mvulana yule nilimpeleka hospitali ya rufaa siku ile ile, wakakata kipande cha uvimbe na kukipima. Alimaliza dawa zote, na sasa ni kijana mwenye sauti nzito. Mjomba wake, mvuvi wa omena, aliuza injini ya boti ili kulipa nauli. Mara ya mwisho nilipopata habari zao, boti ile ilikuwa ingali ikipigwa makasia.