Dhamana za makandarasi zisiozee kabatini



Nina dukuduku juu ya dhamana zinazowekwa na makandarasi wanaojenga majengo ya umma. Wengi tunadhani hilo ni jambo la wanasheria na wahasibu. Lakini mkataba unapovunjika, anayeumia ni mwananchi.

Mimi ni mkulima wa mananasi hapa Kiwangwa. Miaka michache iliyopita nilikuwa mjumbe wa kamati iliyofuatilia ujenzi wa jengo la wazazi katika zahanati moja. Mkandarasi alipewa malipo ya awali, akainua kuta hadi kwenye lenta, kisha akaondoka. Ofisi iliyompa kazi ikasema ameitelekeza. Yeye akasema hati zake mbili za malipo zimelala mezani miezi saba, na mwenye saruji anamdai. Barua zikaandikwa huku na huku. Siku ofisi ilipokumbuka kudai dhamana, kampuni ya bima ikajibu kuwa imekwisha muda tangu majuma sita nyuma. Hakuna aliyekuwa ameitazama tarehe! Kuta zikabaki zikinyeshewa, na wajawazito wakaendelea kupakiwa kwenye pikipiki usiku.

Kwa faida ya wasomaji, dhamana hizi ni za aina nne. Dhamana ya zabuni humzuia mwombaji asijitoe baada ya kushinda. Dhamana ya utekelezaji humlinda mwenye kazi iwapo mkandarasi atashindwa. Dhamana ya malipo ya awali hulinda fedha alizotangulia kupewa. Mwisho ni fedha za zuio, zinazokatwa kidogo kidogo katika kila malipo. Kwa kawaida nusu hurudishwa jengo likikabidhiwa na nusu baada ya kipindi cha matazamio. Zote ni karatasi tu zisipokuwa na mtu wa kuzisimamia.

Tena, kudai dhamana si mwisho wa ugomvi. Tukumbuke mkataba wa maji wa Dar es Salaam, uliotuhusu hata sisi wa Bagamoyo kwa kuwa mtambo wa Ruvu Chini uko wilayani kwetu. Kampuni ya City Water, iliyokuwa na wabia wa Uingereza na Ujerumani, ilipewa mkataba wa miaka 10 mwaka 2003. Mwezi Mei 2005 Serikali ilitangaza kuuvunja kwa sababu kazi haikwenda, na mwezi uliofuata wakuu wa kampuni wakaondolewa nchini. Kesi zikafunguliwa. Mwaka 2008 wasuluhishi wa shauri moja waliipa DAWASA ushindi wa pauni milioni 3. Katika shauri la pili, mwezi Julai mwaka huo huo, baraza lililo chini ya Benki ya Dunia lilikubali kuwa kampuni haikustahili fidia hata senti moja, lakini likasema Serikali nayo ilikiuka mkataba wa kulinda uwekezaji kwa namna ilivyoitoa kampuni hiyo. Somo ni wazi: hata mkandarasi akiwa amekosa, mwenye kazi hana budi kufuata hatua zilizoandikwa.

Mhariri, sisemi haya ili kuwatetea makandarasi wababaishaji. Wapo, na wanastahili kubanwa. Lakini Sheria ya Mikataba, Sura ya 345, kifungu cha 73, inampa fidia yeyote aliyeumizwa na uvunjaji wa mkataba. Haibagui kati ya ofisi ya umma na fundi mdogo. Ofisi isiyolipa kwa wakati nayo imevunja ahadi. Mkandarasi mzalendo aliyekopa benki, huku fedha zake za zuio zikishikiliwa muda mrefu baada ya matazamio kwisha, atajenga nini kesho? Mkuki kwa nguruwe usiwe mtamu, kwa binadamu mchungu.

Napendekeza mambo manne. Kwanza, kila ofisi inayojenga iwe na daftari la dhamana, na mtu mmoja anayetajwa kwa cheo awajibike kuomba ziongezwe muda mapema kabla hazijakwisha. Pili, kila dhamana ithibitishwe kwa benki au bima iliyoitoa kabla shilingi ya malipo ya awali haijatoka. Tatu, mgogoro upelekwe mapema kwa wasuluhishi. Baraza la Taifa la Ujenzi, lililoundwa kwa sheria ya mwaka 1979, lina utaratibu wa kazi hiyo. Nne, kwenye kibao cha mradi iandikwe tarehe ya mwisho ya dhamana pamoja na hati za malipo ambazo hazijalipwa. Hapo sisi wanakijiji tutajua ni nani wa kuulizwa.

Jengo letu lilimalizwa baadaye kwa fedha nyingine za umma, pamoja na mchanga na nguvu zetu wananchi. Kwa maneno mengine, tumelilipia mara mbili. Je, wahusika wanasemaje?

Mkulima wa Mananasi,
Kiwangwa, Bagamoyo.