Mhamo Wako Leo Ni Sifuri

Wiki iliyopita mdogo wangu wa kidato cha tatu alinifuata geto na daftari la Fizikia. Akanitiririshia maana ya mhamo, velositi na mchapuko kwa Kiingereza, neno kwa neno. Nikamuuliza: "Ukitoka hapa Ng'ong'ona ukaenda sokoni Majengo, kisha ukarudi hapa hapa, mhamo wako ni kiasi gani?" Akaanza kujumlisha kilomita. Nilicheka, halafu nikaona aibu. Hata mimi nilifika chuo kikuu hivyo hivyo.

Jibu ni sifuri. Mhamo haujali ulikozunguka. Unapima mstari ulionyooka kutoka ulipoanza hadi ulipoishia, na umeelekea upande gani. Velositi ni mhamo huo ukigawanywa kwa muda, kwa hiyo nayo ina upande. Treni ya SGR, ambayo tunaipanda Dodoma tangu 2024, inaweza kukimbia kilomita 160 kwa saa. Ikija huku na ikirudi Dar kwa 160 ile ile, kasi ni moja ila velositi ni mbili tofauti. Mchapuko ni jinsi velositi inavyobadilika. Ndiyo maana daladala ikikata kona unamlalia jirani, hata kama mshale wa spidi haujasogea.

Wapo watakaosema hayo ni mambo ya kidato, yameshapita. Haya, twende kwenye bodaboda. Tuseme breki zake zinapunguza kasi kwa mita 5 kwa sekunde, kila sekunde. Ikiwa kwenye kilomita 36 kwa saa, itahitaji mita 10 kusimama. Ikiwa kwenye 72 je? Wengi watajibu 20. Ni 40! Kasi mara mbili, njia ya kusimamia mara nne, na hapo hatujahesabu muda wa dereva kushtuka. Fomula hiyo tuliikariri wote. Wangapi tumewahi kumwambia dereva, "Kaka, punguza mwendo"?

Sisemi Kiingereza kifutwe, mtihani ndio unaokuja nacho. Ila wenzangu wa ualimu mnaokwenda mazoezi ya kufundisha, kabla hamjaandika fomula ubaoni, waulizeni watoto kwa Kiswahili wametokaje nyumbani hadi shuleni. Anayeweza kukueleza safari yake ameshaanza Fizikia. Anayekariri tu amezunguka mji mzima na kurudi pale pale.