Kabla ya Kusema Mzee Hana Akili Timamu



Mzazi akisahau jina la mjukuu, au akiuliza swali lile lile mara tatu, wengi wetu huwa tumeshatoa hukumu: “Mzee amerudi utotoni.” Tangu hapo haulizwi tena atibiwe wapi, ng'ombe auzwe au asiuzwe, wala shamba alilolitolea jasho limwendee nani. Anasemewa, naye ameketi papo hapo.

Sheria haituruhusu kuharakisha hivyo. Kifungu cha 5 cha Sheria ya Urithi ya Kenya kinamhesabu mwandika wosia kuwa na akili timamu, na anayepinga ndiye anayetakiwa kuthibitisha. Kinachoangaliwa ni kama mtu alielewa alichokuwa akikifanya wakati ule ule alipokifanya. Kusahau jana si ushahidi wa leo.

Uwezo wa kuamua hupimwa kwa jambo moja moja. Mtu aweza kushindwa na hesabu za mkopo wa benki, ilhali anajua barabara angependa kuishi kwa nani. Mambo manne hutazamwa: Je, ameelewa alichoelezwa? Anakikumbuka kwa muda wa kutosha kuamua? Anapima faida na hasara? Anaweza kuueleza uamuzi wake, hata kwa ishara?

Kabla ya kumpima, mwondoleeni vikwazo. Mpeni miwani yake. Zungumzeni naye lugha aliyolelewa nayo, saa ambayo yu mchangamfu. Akichanganyikiwa ghafla, mpelekeni hospitali kwanza, kwani maambukizi, upungufu wa maji mwilini au dawa zinazogongana huweza kumvuruga mzee, na akitibiwa huenda akarudia hali yake. Tena aulizwe faraghani, na mtu asiye na fungu katika mali hiyo. Akiamua msilolipenda, kama vile kumwachia binti shamba ambalo wana walikuwa wamekwisha kuligawana midomoni, huo si ugonjwa.

Wapo ambao uwezo umewatoka kweli. Hao wasishikwe kidole gumba na kukandamizwa kwenye hati ya mauzo. Daktari awapime, mahakama iombwe iteue msimamizi wa mali, na yale waliyoyapenda maishani yaendelee kufuatwa. Katiba ya 2010, katika Kifungu cha 57, inaitaka Serikali ihakikishe wazee wanaishi kwa heshima bila kudhulumiwa. Serikali haiketi sebuleni mwetu. Sisi ndio tulioketi humo.

Basi ndugu msomaji, usingoje ugomvi wa mirathi. Keti na mzazi wako angali na nguvu, umuulize anataka nini kuhusu matibabu, makao na mali yake. Kama ni wosia, uandikwe na kushuhudiwa na watu wawili wasio warithi. Na siku atakapoanza kusahau majina yetu, tusiwe wepesi wa kumnyang'anya neno lake.